Sita, Sifuri, Tisa

Kosa ni langu. Naliandika mapema,
kabla mawakili hawajafika na vikombe vyao vya chai.
Mimi ni Waman Dhoble, mpiga chapa,
meza ya tatu kutoka lango la mahakama, Nagpur,
chini ya bati linalovuja palepale kila mwaka.

Kusum Meshram alileta karatasi ndani ya mfuko wa unga,
zingali zinanuka moshi.
Kinu chake cha umeme kiliungua usiku mmoja wa Desemba:
mota, mkanda, magunia arobaini ya ngano ya watu.
Kampuni ya bima ikasema nyaya zilikuwa kuukuu.
Yeye akasema: mkaguzi wenu alizishika kwa mkono wake, akasaini.

Hilo ndilo alilokwenda kubishania.
Alivaa sari ya rangi ya kunde, akabeba kipande cha waya
kilichoyeyuka, amekifunga kwenye leso,
ili hakimu naye akishike.

Dakika nne.
Wakili wa kampuni hakuutaja moto.
Alilamba kidole, akafunua kurasa:
Namba ya bima, Mheshimiwa, inaishia sita, tisa, sifuri;
mkataba wa huyu mama ni sita, sifuri, tisa.
Aliyeshtakiwa ni tawi la Sitabuldi, na tawi si mtu,
mtu ni kampuni yenyewe, iliyoko Mumbai.
Kiapo kimegongwa muhuri tarehe kumi na nne,
maombi yameandikwa kumi na tano:
mama huyu aliapia maneno ambayo hayajazaliwa.
Watu wakacheka kidogo, kicheko cha kortini, cha puani.
Maombi yakatupwa.
Anaweza kuleta upya, akasema hakimu, bila ubaya wowote,
na miaka miwili ya sheria ilikuwa inakwisha keshokutwa.

Kosa moja haliachi mke, husema watu.
Korti huacha. Tena talaka tatu.

Ile leso haikufunguliwa.

Habari ya tawi, mwulizeni wakili wake,
kijana wa kesi ishirini kwa siku.
Tarehe ni ya karani wa viapo, agongaye muhuri huku yuko kwenye simu.
Lakini sifuri na tisa
ni vidole vyangu. Nilikuwa nahesabu kurasa,
rupia kumi na tano kila moja,
na juu ya mashine hii sifuri na tisa ni majirani.

Leo amerudi. Nilifikiria kujificha.
Akaketi juu ya ndoo ya rangi, kiti cha wateja,
akauliza: Mbona hukunisomea?
Nikasema, nilidhani hujui kusoma.
Herufi sizijui, akasema.
Namba nazijua. Nimepima unga miaka ishirini na miwili
na hajarudi mtu kunidai hata gramu.

Basi tunaandika maombi ya kusamehewa kuchelewa.
Siku kumi na moja, na kila moja inadaiwa sababu yake.
Ya kwanza, nakala ya uamuzi haikuwa tayari.
Ya pili vilevile.
Ya tatu, Jumapili.
Ya sita, karani wa masjala alikuwa anaoza binti.
Ya tisa hatuna la kusema. Nilikaa tu, anasema,
nikitazama pale mkanda ulipokuwa ukizunguka.
Andika hivyohivyo.
Naandika. Wakili ataifuta.

Na panapotakiwa chanzo cha kosa,
kijana ameniachia maneno: kuteleza kwa kibinadamu.
Nayaruka. Nachapa Waman Dhoble, meza ya tatu,
nikijua kesho foleni itahamia kwa Pimpalkar, meza ya nne.

Nachomoa karatasi, naigeuza imwelekee.
Anafuta kidole kwenye sari, anakiweka chini ya namba.
Sita, nasema.
Kidole kinasogea.
Sifuri.
Kidole kimesimama. Kinanisubiri.